Halipo, haliko, halimo: kusoma ujumbe wa faili linalokosekana katika emuleta za mashine za michezo

halipo, haliko, halimo: vitenzi vishirikishi vya mahali, hali kanushi, ngeli ya LI-YA, umoja. Wingi: *hayapo, hayako, hayamo*. Hali yakinishi: *lipo, liko, limo*.

*Halipo* hutumika kwa kitu kisichopatikana mahali mahususi panapojulikana. *Haliko* kwa kitu kisichopatikana katika eneo pana au lisilo dhahiri. *Halimo* kwa kitu kisichopatikana ndani ya kingine. Daftari halipo mezani, haliko shuleni, halimo mkobani.

Tofauti hii imefifia katika mazungumzo ya kila siku. Usemi wa Nairobi huelekea kutumia *haiko* kwa hali zote, wa Dar es Salaam huelekea *haipo*, na umbo la *-mo* limebaki zaidi katika usemi wa pwani na katika maandishi. Kwa kawaida hakuna anayedhurika, kwa sababu daftari likikosekana hutafutwa mezani, mkobani na kwingineko mpaka lionekane. Upo hata hivyo uwanja mmoja, mdogo lakini wenye watu wengi, ambamo kuzichanganya tatu hizi humpotezea mtu jioni nzima na bando lake lote: ujumbe unaotolewa na emuleta za mashine za michezo ya sarafu pale zinapodai kwamba faili fulani halikupatikana.

Emuleta ni programu inayoifanya kompyuta au simu itende kazi kama mashine ya aina nyingine. Neno *kiigaji*, kutokana na kitenzi *-iga*, lingefaa kisarufi. Makala haya yanatumia *emuleta* kwa kuwa ndilo linalotamkwa na watumiaji wenyewe. Iliyo mashuhuri kuliko zote kwa mashine za sarafu ni MAME, ambayo toleo lake la kwanza lilitolewa na Mwitaliano Nicola Salmoria tarehe 5 Februari 1997. Emuleta nyingine nyingi za aina hii, zikiwemo kadhaa zinazotumika katika simu za Android, zimejengwa juu ya msimbo wake, na ujumbe wake umerithiwa pamoja na msimbo.

Tafsiri zinazopotosha

Neno la Kiingereza linalotumika katika ujumbe huo, *missing*, halisemi lolote kuhusu mahali. Hufaa kwa kitu kilichopotea, kwa kitu ambacho hakijawahi kuwepo, na kwa kitu kinachohitajika ili jumla itimie. Mfasiri wa Kiswahili hawezi kulihamisha bila kuchagua, na uchaguzi unaofanywa mara nyingi zaidi, *faili limepotea*, ndio mbaya kuliko yote.

Kitenzi *-potea* hubeba historia ndani yake. Kilichopotea kilikuwepo. Mtu anayeambiwa kwamba faili limepotea hufikiri kwamba alilifuta kwa bahati mbaya, au kwamba kadi ya kumbukumbu imeharibika, au kwamba upakuaji ulikatika njiani. Kwa hiyo hulipakua tena lile lile alilokuwa nalo, na hupata ujumbe ule ule, kwa sababu faili alilopakua mara ya pili lina upungufu uleule wa la kwanza. Wapo wanaorudia mara nne au tano kabla ya kukata tamaa au kuanza kupakua kutoka tovuti zisizoaminika, ambako pamoja na faili la mchezo huja na programu hasidi.

*Faili limekosa* ni kosa la aina nyingine. *-kosa* ina maana mbili, kutenda jambo lisilo sahihi na kutopata kitu kinachohitajika, na katika sentensi hii faili ndilo linaloonekana kuwa na hatia. Anayekosa hapa ni programu: *programu imekosa faili*. *Faili limekosekana* ni sahihi kisarufi, ila haliongezi maarifa yoyote juu ya neno la Kiingereza.

Kuhusu jina la tukio zima, *hitilafu* inafaa kuliko *kosa*. Kosa lina mkosaji. Hitilafu imetokana na Kiarabu *ikhtilāf*, yaani tofauti au kutokubaliana, na hiyo ndiyo hali halisi: emuleta ina orodha yake, mtumiaji ana mafaili yake, na viwili hivyo havikubaliani. Mara nyingi hakuna kilichoharibika upande wowote.

Kilichomo ndani ya kasha

Ili maneno ya mahali yawe na maana, sharti ijulikane kitu chenyewe kinakaa wapi. Mchezo wa mashine ya sarafu haukuwa faili moja. Ulikuwa bodi ya saketi yenye chipu nyingi za kumbukumbu, na kila chipu ilibeba sehemu yake ya programu, picha, rangi au sauti. Wahifadhi walisoma chipu moja baada ya nyingine na kuhifadhi yaliyomo katika faili moja kwa kila chipu. Mafaili hayo madogo, ambayo hapa yataitwa *vipande*, hukusanywa katika faili moja la zipu, ambalo hapa litaitwa *kasha*. Jumla ya vipande vyote vinavyotakiwa kwa mashine moja huitwa *seti*.

Pac-Man ni mfano mzuri kwa udogo wake. Namco ya Japani iliutoa mwaka 1980 kwa jina la Puck Man, na Midway ikauuza Marekani kwa jina linalojulikana leo. Seti ya Midway katika MAME huitwa *pacman* na ina vipande 10. Vinne, *pacman.6e*, *pacman.6f*, *pacman.6h* na *pacman.6j*, ni programu yenyewe, kila kimoja baiti 4,096. Viwili, *pacman.5e* na *pacman.5f*, ni picha, navyo ni baiti 4,096 kila kimoja. Vinne vilivyobaki ni vidogo mno: *82s123.7f* kina baiti 32 tu, na *82s126.4a*, *82s126.1m* na *82s126.3m* vina baiti 256 kila kimoja. Mchezo mzima ni baiti 25,376, chini ya ukubwa wa picha moja iliyopigwa kwa simu.

Majina hayo si ya kubahatisha. Herufi na tarakimu zinazofuata nukta ni anwani ya chipu kwenye bodi, kama vile mtu anavyotaja kiti cha basi: 6E, 7F, 3M. Katika vipande vidogo, sehemu iliyo kabla ya nukta ni aina ya chipu kama ilivyoandikwa kiwandani. Anayeelewa hivyo hataona tena jina la kipande kama fumbo. Ataona kwamba anaambiwa tundu lipi kwenye bodi liko wazi.

Na MAME haikubali tundu lililo wazi. Kipande *82s126.3m* kilihusika na mpangilio wa muda katika bodi halisi, na emuleta haikitumii katika kuendesha mchezo. Hata hivyo kikikosekana, programu hukataa kuanza na hutangaza kwamba mafaili yanayohitajika hayapo na mashine haiwezi kuendeshwa. Watumiaji wengi huuona ugumu huo kuwa ukaidi. Lakini MAME iliundwa ili kuweka kumbukumbu ya mashine kamili, na kucheza ni njia ya kuthibitisha kwamba kumbukumbu hiyo ni sahihi. Kwa mtazamo huo, seti pungufu ni pungufu hata kama mchezaji asingegundua.

Halipo

*Halipo* ndilo neno la hali ambamo kasha zima halikuonekana pale programu ilipotazama. Dalili yake ni moja na haina utata: vipande vyote vya seti vimeorodheshwa kuwa havikupatikana. Mtu akiona majina yote 10 ya Pac-Man, asishughulike na jina lolote kati ya hayo. Tatizo liko nje ya kasha.

MAME hutazama katika folda zilizotajwa kwenye mpangilio uitwao *rompath*, ambao kwa kawaida huelekeza kwenye folda yenye jina *roms*. Amri *mame -showconfig* huonyesha folda inayotazamwa kwa kweli, ambayo si lazima iwe ile ambayo mtumiaji anadhani inatazamwa. Katika simu, mara nyingi folda ni sahihi lakini programu haikupewa ruhusa ya kusoma hifadhi. Kasha lipo, ila mlango umefungwa.

Sababu ya pili ni jina. Kasha la Pac-Man sharti liitwe *pacman.zip*, si jina kamili la mchezo pamoja na kampuni na mwaka. Majina ya seti ni mafupi kwa sababu za kihistoria: MAME ilizaliwa katika enzi ya DOS, ambapo jina la faili halikuzidi herufi nane. Katika Windows, ambayo huficha viendelezi vya majina isipoelekezwa vinginevyo, mtu huandika *pacman.zip* juu ya jina ambalo tayari lina *.zip* iliyofichwa, na matokeo yake ni *pacman.zip.zip*. Macho hayaoni kasoro, programu inaiona. Katika Linux, *Pacman.zip* na *pacman.zip* ni majina mawili tofauti.

Ipo njia rahisi ya kuthibitisha kama tatizo ni la *halipo*. Tovuti ya mradi wa MAME hutoa bure, kwa idhini ya wenye haki, seti chache za michezo kwa matumizi yasiyo ya kibiashara. Miongoni mwazo ni Gridlee, Robby Roto, na Poly-Play, mashine ya sarafu iliyotengenezwa katika iliyokuwa Ujerumani Mashariki. Gridlee ikiwekwa katika folda ile ile na ikaanza, folda ni sahihi, ruhusa ipo, na neno linalotafutwa ni jingine. Seti hizo zina faida ya pili: hazina shaka ya kisheria, jambo lisiloweza kusemwa kuhusu sehemu kubwa ya zile zinazozunguka mtandaoni, ambazo haki zake bado ni mali ya kampuni zilizozitengeneza.

*Haliko*, kwa upande wake, halina kazi kubwa hapa, kwa kuwa programu haitafuti katika eneo pana. Haipekui kompyuta nzima. Anayesema "faili haliko kwenye kompyuta yangu" baada ya kusoma ujumbe wa MAME amesema zaidi ya programu ilivyosema.

Halimo

Sehemu kubwa ya malalamiko ni ya aina hii, na hapa ndipo Kiswahili kinapoufafanua ujumbe vizuri kuliko lugha ulioandikwa kwayo. Kasha lipo, limefunguliwa, na ndani yake kipande fulani hakimo. Dalili ni kwamba baadhi tu ya vipande vimetajwa, na baada ya kila jina na maneno NOT FOUND hufuata orodha fupi ya seti zilizopekuliwa. Orodha hiyo ndiyo sehemu muhimu zaidi ya ujumbe, na ndiyo ambayo karibu kila mtu huiruka.

Chukua mtu mwenye *pacman.zip* anayeambiwa kwamba *82s126.1m* hakikupatikana na kwamba kilitafutwa katika *pacman* na *puckman*. Tafsiri iliyo karibu na ukweli ni hii: "Kipande 82s126.1m hakimo katika pacman wala katika puckman." Kwa nini *puckman*? Kwa sababu MAME huchukua seti ya Namco kuwa seti mama, na ya Midway kuwa seti tanzu. Vile vipande vinne vidogo ni sawasawa katika zote mbili, na wapangaji wengi wa makasha, kwa kuokoa nafasi, hawavirudii katika seti tanzu. Makasha yaliyopangwa hivyo huitwa *yaliyogawanywa*. Kasha la *pacman* la aina hiyo lina vipande sita tu, nalo si bovu. Linamtegemea mama yake. Dawa ni kuweka *puckman.zip* katika folda hiyo hiyo, bila kuyafungua makasha na bila kuyaunganisha.

Upo mpangilio mwingine ambamo kila kasha hubeba vipande vyake vyote hata vile vinavyorudiwa kwingine, na wa tatu ambamo seti tanzu zote hutiwa ndani ya kasha la mama. Mtu anayepakua kasha moja kutoka mkusanyo uliogawanywa na jingine kutoka mkusanyo usiogawanywa atapata matokeo yasiyotabirika, na atailaumu emuleta.

Umama si uhusiano pekee. Mashine za Neo Geo za SNK, zilizoanza mwaka 1990, zilikuwa bodi moja iliyobadilishiwa kaseti. Programu ya msingi ya bodi hiyo huhifadhiwa katika kasha lake, *neogeo.zip*, na kila mchezo wa Neo Geo huihitaji. Aliyepakua Metal Slug, mchezo wa mwaka 1996 ambao seti yake huitwa *mslug*, akakosa *neogeo.zip*, ataona majina kama *sp-s2.sp1* na *000-lo.lo*, ambayo hayana uhusiano wowote na Metal Slug. Majina ya mchezo wenyewe hayamo katika orodha ya vilivyokosekana. Kasha lake ni zima kabisa. Hapa ndipo mtu hupakua *mslug.zip* mara tano.

Zipo pia chipu zilizotumika katika bodi za michezo mingi, ambazo MAME huzihifadhi kama seti za vifaa. Galaga ya Namco, ya mwaka 1981, huhitaji *namco51.zip* na *namco54.zip* pamoja na kasha lake. Michezo ya Capcom yenye sauti ya QSound huhitaji kipande *dl-1425.bin*, kinachokaa katika kasha la kifaa hicho. Mahitaji haya hayakuwepo katika matoleo ya awali ya MAME, na mtu aliyecheza Galaga kwa miaka mingi bila shida huweza kusasisha programu asubuhi na kukuta mchezo umekataa jioni. Hakuna kilichotoka katika kasha lake. Kinachotakiwa kimeongezeka.

Mashine chache zilikuwa na diski ngumu au diski za CD. Killer Instinct ya mwaka 1994 ni moja. Yaliyomo katika diski hiyo hayakai kashani kamwe, bali katika faili lenye kiendelezi *.chd*, ndani ya folda yenye jina la seti: *kinst.chd* ndani ya folda *kinst*, ndani ya *roms*. Anayelitia faili hilo katika zipu kwa kufuata mazoea ya vipande vingine amelifanya lisionekane.

Limo, lakini silo

Hali ya nne haihusu mahali, na *-po, -ko, -mo* hazitoshi. Kipande chenye jina sahihi kimo ndani ya kasha sahihi, lakini yaliyomo si yale yanayotarajiwa. Ujumbe huwa WRONG CHECKSUMS au WRONG LENGTH. Kiswahili kina kirejeshi cha utambulisho kinachofaa: *limo, lakini silo*, kwa kipande, *kimo, lakini sicho*.

MAME hutambua kipande kwa alama zinazokokotolewa kutokana na baiti zake zote, ziitwazo CRC32 na SHA-1. Baiti moja ikibadilika, alama hubadilika. Kwa hiyo kubadili jina la kipande ili kifanane na lile linalodaiwa, tiba inayopendekezwa mara nyingi na watu wenye nia njema, hakuponyi kitu. Ni sawa na kumpa mtu kitambulisho cha ndugu yake: jina litasomeka, alama za vidole zitakataa. Alama zikikataa, programu haifungi mlango kabisa; huonya kwamba mashine huenda isiende sawasawa, kisha huendelea.

Mara chache sababu ni upakuaji ulioharibika. Mara nyingi ni tofauti ya matoleo. Orodha ya MAME hurekebishwa kila chipu fulani inaposomwa upya kwa usahihi zaidi, na kipande kilichokubaliwa mwaka 2003 huweza kukataliwa leo. Kinyume chake pia ni kweli, na ndicho kinachowasumbua watumiaji wa simu. Ndani ya RetroArch mna kiini kiitwacho MAME 2003, kilichojengwa juu ya MAME 0.78, na kingine, MAME 2010, juu ya 0.139, MAME4droid ya zamani nayo ni ya 0.139. Seti mpya kabisa, iliyo sahihi kwa MAME ya leo, huweza kukataliwa na viini hivi kwa sababu ni mpya. Swali la kwanza la kumuuliza mwenye hitilafu ya aina hii ni toleo la emuleta yake, kisha toleo ambalo seti yake iliandaliwa kwa ajili yake. Yakilingana, hitilafu nyingi huisha zenyewe.

Amri *mame -verifyroms pacman* hutoa hukumu ya seti nzima kwa maneno machache: *good* ikiwa kila kipande kinalingana, *bad* ikiwa kuna kilichopungua au kisicholingana, na *best available* kwa hali itakayoelezwa hapa chini. Kwa mikusanyo mikubwa, programu kama clrmamepro na RomVault hulinganisha makasha na orodha ya toleo fulani, huvihamisha vipande na kuvipa majina yanayotakiwa. Haziwezi kuumba kipande ambacho mtumiaji hana, ingawa wengi huzisakinisha kwa tumaini hilo.

Halijapatikana

Ujumbe NO GOOD DUMP KNOWN huonekana katika orodha ile ile, kwa herufi kubwa zile zile, na huchukuliwa kuwa lawama nyingine kwa mtumiaji. Maana yake ni tofauti kabisa. Chipu hiyo ipo kwenye bodi halisi, lakini hakuna aliyefaulu kuisoma na kupata nakala ya kuaminika. Tafsiri yake haiwezi kuwa *halipo* wala *halikupatikana*. Kiambishi *-ja-* ndicho kinachoibeba: *halijapatikana*, yaani mpaka sasa bado, kwa yeyote, popote.

Tofauti kati ya *halikupatikana* na *halijapatikana* ni tofauti kati ya matokeo ya upekuzi mmoja na hali ya ulimwengu. Ya kwanza humwambia mtu arudi kutafuta; ya pili humwambia aache. Kipande cha aina hii hakizuii mchezo kuanza, na seti yenye kasoro hiyo peke yake ndiyo inayopewa hukumu ya *best available*: bora kuliko zote zilizopo. Anayeendelea kutafuta seti "kamili" zaidi anatafuta kitu ambacho hata walioandika orodha hawana. Ujumbe ROM NEEDS REDUMP ni ndugu wa huu: nakala ipo, lakini inashukiwa, na chipu inapaswa kusomwa upya.

Baadhi ya chipu hizo zilitengenezwa makusudi zisisomeke, ili washindani wasizinakili. Wahifadhi wamelazimika kuziyeyusha maganda kwa asidi na kuzipiga picha kwa hadubini ili kusoma biti moja baada ya nyingine. Kila kazi kama hiyo ikifaulu, *halijapatikana* hugeuka kuwa kipande kipya katika orodha, na katika toleo linalofuata maelfu ya makasha yaliyokuwa mazima huwa pungufu. Mtumiaji aliyekasirishwa na ujumbe huo kwa kweli anasoma habari njema kwa njia mbaya.

Palipo na kupotea kweli

*-potea* halistahili kufutwa kabisa katika uwanja huu. Bodi za Capcom za mfumo wa CPS-2, zilizoanza kutumika mwaka 1993, ziliandikwa programu kwa fumbo, na ufunguo wa kufumbua uliwekwa katika kumbukumbu iliyotegemea betri. Betri ikiisha, ufunguo hufutika na bodi huacha kufanya kazi, hata kama chipu zake nyingine zote ni nzima. Mafundi wa mashine hizo huiita betri ya kujiua. Namna fumbo hilo lilivyofanya kazi ilieleweka kikamilifu mwaka 2007, kwa juhudi za Andreas Naive na Nicola Salmoria, na baadaye funguo zenyewe zikaingizwa katika seti za MAME kama vipande vidogo vya baiti 20.

Kwa sababu hiyo mtu mwenye kasha la zamani la Super Street Fighter II huambiwa leo kwamba *ssf2.key* hakikupatikana. Kwa kasha lake, sentensi sahihi ni *ufunguo haumo*: haukuwahi kutiwa humo, kwa kuwa kasha liliandaliwa kabla funguo hazijaongezwa, na kasha la toleo linalolingana na emuleta yake litamtosha. Kwa bodi iliyoko ghalani, ambayo betri yake iliisha bila mtu kuiangalia, sentensi sahihi ni *ufunguo umepotea*.